Filamu za uhalifu: kamera inaonyesha nini, na mahakama inataka nini?

Novemba 2016 mtandao wa Netflix ulianza kuonyesha filamu ya The Ivory Game, inayofuatilia biashara haramu ya meno ya tembo kutoka Afrika hadi Asia. Mmoja wa wanaosakwa ndani yake ni Mtanzania aliyejulikana kwa jina la utani la Shetani. Mwaka 2015 mtu huyo alikamatwa Dar es Salaam. Kwa aliyekaa mbele ya skrini, kukamatwa kwake ndiko mwisho wa habari. Kwa mahakama, kesi ilikuwa bado haijaanza.

Filamu za namna hii, zinazochunguza uhalifu uliotokea kweli, zina watazamaji wengi siku hizi. Vijana wa Sinza, Mbagala na Tandika huzitazama kwenye simu, na wapo wanaotaka kuzitengeneza wenyewe, maana matukio yanayodai majibu hayajawahi kukosekana katika Jiji la Dar es Salaam. Katika makala hii tunaeleza kazi hiyo inafanywaje, tofauti kati ya picha na ushahidi ni ipi, na ni nani hulipa gharama pale mtu anapoamua kuuliza maswali mbele ya kamera.

Ni kazi ya nani?

The Ivory Game iliongozwa na watu wawili: Richard Ladkani kutoka Austria na Kief Davidson kutoka Marekani. Leonardo DiCaprio alikuwa miongoni mwa watayarishaji wakuu. Ladkani na Davidson walikuwa wameshafanya kazi pamoja kwenye The Devil's Miner ya mwaka 2005, kuhusu watoto wanaofanya kazi migodini Bolivia. Baadaye Ladkani alitengeneza Sea of Shadows, iliyotoka mwaka 2019, kuhusu magenge ya uvuvi haramu nchini Mexico.

Mtengenezaji wa filamu hizi hana mamlaka ya polisi. Hawezi kumkamata mtu, kumpekua wala kumlazimisha kujibu. Alichonacho ni muda, kamera na ruhusa ya watu kuwa karibu nao. Kwa The Ivory Game, ruhusa ya aina hiyo iliwafikisha karibu na kikosi cha Tanzania cha kupambana na uhalifu mkubwa unaovuka mipaka, na ofisa wake Elisifa Ngowi akawa mmoja wa wahusika wakuu wa filamu. Katika nchi nyingine walimfuata mwandishi wa habari wa China, Huang Hongxiang, aliyejifanya mnunuzi ili awafikie wauzaji.

Zipo njia mbili kuu za kufanya kazi hii. Ya kwanza ni kuandamana na wapelelezi wakati uchunguzi unaendelea. Ya pili ni kurudi kwenye kesi iliyokwisha, au iliyotelekezwa, na kuichunguza upya. Kila njia ina hatari yake. Anayeandamana na polisi huona mambo kwa macho ya polisi. Anayerudi nyuma hutegemea kumbukumbu za watu, na kumbukumbu huchakaa.

Kwa nini Dar es Salaam?

Ili kuelewa msako ule, lazima turudi kwenye takwimu. Sensa zilizofanywa kwa ndege zilionyesha kuwa Tanzania ilikuwa na tembo wapatao 109,000 mwaka 2009. Mwaka 2014 walikuwa wamebaki takriban 43,000. Ndani ya miaka mitano nchi ilikuwa imepoteza kiasi cha asilimia 60 ya tembo wake.

Tembo waliuawa Selous na Ruaha, lakini meno yao yalihitaji nyumba za kuhifadhiwa, magari, makaratasi na bandari. Vyote hivyo vilipatikana mjini. Novemba 2013 nyumba moja ya Mikocheni, wilayani Kinondoni, ilivamiwa na maofisa wa serikali. Ndani yake yalikutwa meno 706, na raia watatu wa China walikamatwa. Machi 2016 mahakama iliwahukumu wawili kati yao kifungo cha miaka 35. Februari 2019 Mahakama ya Hakimu Mkazi Kisutu ilimhukumu Yang Fenglan, mfanyabiashara wa China aliyefika nchini kwa mara ya kwanza katika miaka ya 1970 kama mkalimani wakati wa ujenzi wa reli ya TAZARA, kifungo cha miaka 15. Magazeti ya nje yalimwita malkia wa pembe.

Upande wa pili wa vita hivyo hauonekani sana kwenye filamu. Oktoba 2013 serikali ilianzisha Operesheni Tokomeza dhidi ya majangili. Kabla mwezi mmoja na nusu haujapita ilisitishwa, kwa sababu wananchi walilalamika kuteswa, kuporwa mali na kuuawa. Kamati ya Bunge iliyoongozwa na James Lembeli ilipowasilisha taarifa yake Desemba mwaka huo, mawaziri wanne walipoteza nafasi zao. Nia ya operesheni ilikuwa kuokoa tembo, lakini kati ya walioumizwa walikuwamo watu ambao hawakuwahi kufikishwa mbele ya hakimu.

Tunayataja haya mawili pamoja kwa makusudi. Anayetazama filamu ya msako humtaka mhalifu akamatwe haraka. Operesheni Tokomeza inatukumbusha kinachotokea pale mtu anapohesabiwa kuwa mhalifu kabla ya kusikilizwa.

Tembo 10,000 na meno 118

Habari zilizoizunguka The Ivory Game zilimhusisha Shetani na vifo vya tembo hadi 10,000. Ni idadi inayotisha na inayokaa kichwani. Kesi yake ilipofika mahakamani Dodoma, mashtaka yaliyoripotiwa yalihusu meno 118, pamoja na kuongoza mtandao wa uhalifu. Machi 2017 alihukumiwa kifungo cha miaka 12.

Pengo kati ya 10,000 na 118 halina maana kwamba filamu ilidanganya au kwamba mahakama ilizembea. Wapelelezi hukadiria ukubwa wa mtandao mzima kwa kuunganisha taarifa za siri, simu na maneno ya watu waliokamatwa kabla. Mwendesha mashtaka hawezi kufungua kesi kwa makadirio. Anapeleka mahakamani kile tu anachoweza kukithibitisha: meno haya, yaliyokutwa mahali hapa, siku hii, mikononi mwa mtu huyu. Kwa makosa ya uhujumu uchumi anahitaji pia ridhaa ya Mkurugenzi wa Mashtaka kabla mahakama ya chini haijaanza kusikiliza kesi. Hatua hiyo ikikosewa, kesi nzima inaweza kuanguka hata kama ushahidi ulikuwa mzito.

Hukumu ya kwanza nayo si neno la mwisho. Aliyehukumiwa ana haki ya kukata rufaa, na majaji wa juu wanaweza kuikubali hukumu, kuipunguza au kuifuta. Filamu haina rufaa. Inabaki kama ilivyotoka, na mtu atakayeitazama miaka 10 baadaye ataona sura ileile na jina lilelile.

Picha inakuwaje ushahidi?

Wengi hudhani kwamba jambo likirekodiwa limethibitishwa. Mahakama za Tanzania zinapokea ushahidi wa kielektroniki, na Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaeleza vigezo vyake. Mahakama huangalia kama njia iliyotumika kutengeneza na kutunza kumbukumbu hiyo inaaminika, kama kumbukumbu haijachezewa, na kama aliyeitengeneza anatambulika. Kwa lugha nyepesi: nani alirekodi, kwa kifaa gani, picha ilikaa wapi tangu siku ile, na nani aliigusa.

Hapo ndipo filamu inapopata shida. Filamu kwa asili yake imeguswa. Saa nyingi za picha hukatwa zikabaki dakika 100 hivi. Swali linaweza kuulizwa asubuhi, jibu likachukuliwa kwenye mazungumzo ya jioni. Kwa hiyo chenye thamani mbele ya hakimu ni mkanda wa kwanza, ule ambao haujahaririwa. Filamu iliyokamilika haina uzito huo.

Mfano unaojulikana ni wa Marekani. Mwaka 2015 kituo cha HBO kilirusha The Jinx, mfululizo wa Andrew Jarecki kuhusu tajiri Robert Durst. Durst alikamatwa siku moja kabla ya sehemu ya mwisho kurushwa. Katika sehemu hiyo alisikika akijisemea peke yake chooni, akiwa amesahau kwamba bado amevaa kipaza sauti, maneno yaliyosikika kama kukiri mauaji. Miaka michache baadaye, nyaraka za mahakama zilionyesha kwamba sentensi alizozitamka zilikuwa zimepangwa upya na wahariri, tofauti na mfuatano wake wa awali. Durst alikutwa na hatia mwaka 2021 na kufariki Januari 2022. Kesi hiyo ilikuwa na ushahidi mwingine, lakini maneno yaliyowapa watazamaji uhakika hayakuwa yametamkwa kwa mpangilio waliousikia.

Nchini kwetu maungamo yana masharti yake. Mtuhumiwa anapohojiwa na polisi lazima kwanza aonywe kuhusu haki zake. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inaweka muda wa kawaida wa saa 4 tangu mtu anapowekwa chini ya ulinzi, na polisi akitaka zaidi lazima afuate utaratibu wa kuuongeza. Maungamo yaliyotolewa kwa mateso, vitisho au ahadi hayafai. Kwa hiyo mtuhumiwa anayezungushiwa kamera huku amefungwa pingu akaulizwa maswali, anaweza kutoa picha nzuri sana ya filamu na wakati huohuo akampa wakili wake hoja ya kupinga.

Vielelezo navyo vina njia yake. Jino la tembo, bunduki au simu iliyokamatwa lazima iandikwe kwenye hati ya ukamataji, iwekwe alama, na kila anayeipokea aonyeshe alipokea kutoka kwa nani na akaikabidhi kwa nani. Mahakama ya Rufani imeshaeleza mara nyingi umuhimu wa mnyororo huo. Timu ya filamu inayoingia chumbani pamoja na polisi na kuinua kitu ili kionekane vizuri kwenye mwanga inaweza kuukata mnyororo huo bila kujua.

Pale taarifa rasmi inapokuwa si ya kweli

Je, basi filamu hizi hazina kazi, tuwaachie polisi na mahakama? Tukio moja la Kinondoni linatosha kujibu.

Januari 2006 wafanyabiashara watatu wa madini kutoka Mahenge, mkoani Morogoro, waliuawa pamoja na dereva teksi wa Dar es Salaam. Maelezo ya kwanza ya polisi yalikuwa kwamba wanne hao walikuwa majambazi waliokufa katika majibizano ya risasi huko Sinza. Ndugu zao hawakukubali. Waliuliza, magazeti yakauliza, na Rais Jakaya Kikwete akaunda tume iliyoongozwa na Jaji Kipenka Mussa. Ikabainika kwamba watu hao hawakuwa majambazi, na kwamba waliuawa katika msitu wa Pande, nje kidogo ya jiji, wakiwa mikononi mwa polisi.

Maofisa wa polisi walishtakiwa kwa mauaji. Agosti 2009 Mahakama Kuu iliwaachia huru washtakiwa, huku jaji akieleza kwamba waliohusika kufyatua risasi hawakuwa mbele yake. Serikali ilikata rufaa. Septemba 2016, zaidi ya miaka 10 baada ya mauaji, Mahakama ya Rufani ilimtia hatiani ofisa mmoja na kumhukumu kunyongwa. Wengine ilithibitisha kwamba wako huru.

Tukio hili linafundisha pande zote mbili. Kama kila mtu angeridhika na taarifa ya kwanza, wanne wale wangebaki kwenye kumbukumbu kama majambazi, na watoto wao wangebeba jina hilo. Hapo ndipo uchunguzi wa mtu wa nje ya dola unapohitajika. Lakini pia, mtu ambaye angetengeneza filamu mwaka 2007 na kuwatangaza washtakiwa wote kuwa wauaji, angekuwa amewahukumu watu ambao mahakama ya juu kabisa nchini iliwaona hawana hatia. Katiba yetu, ibara ya 13, inakataza mtu anayeshtakiwa kutendewa kama mwenye kosa mpaka ithibitike kwamba analo.

Kuna filamu iliyowahi kufanya kazi hii kwa ukamilifu. Mwaka 1988 Mmarekani Errol Morris alitoa The Thin Blue Line, kuhusu Randall Dale Adams, aliyehukumiwa kwa mauaji ya polisi huko Dallas. Morris aliwahoji mashahidi mmoja mmoja, kwa utulivu, mpaka maneno yao yakaanza kugongana. Mwaka uliofuata Adams alitoka gerezani, baada ya zaidi ya miaka 12. Filamu haikumwachia huru. Mahakama ndiyo iliyofuta hukumu. Ila bila filamu huenda hakuna ambaye angelifungua tena lile jalada.

Anayelipa ni nani?

Mwaka 2008 Vicky Ntetema, aliyekuwa mkuu wa ofisi ya BBC Dar es Salaam, alichunguza mauaji ya watu wenye ualbino. Alijifanya mfanyabiashara anayetafuta utajiri, akaenda kwa waganga, na baadhi yao wakamtajia bei ya viungo vya binadamu. Taarifa yake ilipotangazwa alitishiwa maisha na kulazimika kujificha. Mwaka 2010 alipewa tuzo ya ujasiri ya taasisi ya kimataifa ya wanawake katika vyombo vya habari, na baadaye aliongoza shirika la Under the Same Sun hapa nchini. Kazi yake ilikuwa ya redio kwanza, lakini njia aliyoifungua ilifuatwa na wapiga picha. Harry Freeland kutoka Uingereza alitumia takriban miaka sita kutengeneza In the Shadow of the Sun, iliyotoka mwaka 2012, akimfuata mwanaharakati Josephat Torner akienda kuzungumza na jamii ambako mauaji yalitokea.

Huko Kenya, Mohammed Ali alifanya uchunguzi wa televisheni kwa Kiswahili, katika kipindi cha Jicho Pevu cha KTN. Oktoba 2013 yeye na John-Allan Namu walirusha taarifa kuhusu shambulio la Westgate iliyotumia picha za kamera za usalama za jengo hilo. Mkuu wa polisi alitangaza kwamba wangekamatwa, kisha akarudi nyuma baada ya kelele za umma.

Na kuna wasiorudi. Agosti 16, 2017, Wayne Lotter, mwanzilishi mwenza wa taasisi ya PAMS, alipigwa risasi Masaki akiwa kwenye teksi akitokea uwanja wa ndege. Taasisi yake ilikuwa ikikisaidia kikosi kilekile kinachoonekana kwenye The Ivory Game. Desemba 2022 Mahakama Kuu iliwahukumu watu 11 kunyongwa kwa mauaji hayo.

Hawa ni watu wenye majina, ofisi na marafiki nje ya nchi. Shahidi wa mtaani hana hivyo. Huyu ni mama ntilie aliyeona gari likisimama, fundi baiskeli aliyesikia kelele, au mpangaji wa chumba cha uani. Sheria ya Kulinda Watoa Taarifa na Mashahidi ipo tangu mwaka 2015, lakini ulinzi wake umewekwa kwa anayetoa taarifa kwa mamlaka zinazohusika. Aliyezungumza na mpiga filamu tu yuko nje ya utaratibu huo.

Kwa uswahilini kufichwa sura hakutoshi. Katika mitaa ya Manzese au Mbagala nyumba zimeshikana, ukuta wa huyu ni ukuta wa yule. Unaweza kufunika uso wa shahidi, lakini jirani atalitambua pazia, mlango wa bati uliopakwa rangi ya bluu, khanga aliyoizoea au namna ya kucheka. Sauti ndiyo hatari zaidi, na sisi wa redio tunalijua hilo vizuri: mtu humtambua ndugu yake kwa maneno mawili. Mtengenezaji makini hubadilisha sauti, huhojia mbali na mtaa, huacha kutaja kazi ya shahidi, na humwonyesha shahidi kipande chake kabla hakijatoka. Shahidi akisema toa, anatoa.

Vibali na milango ya mtaa

Anayetaka kupiga filamu nchini hawezi kuanza tu. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inataka kibali, na Bodi ya Filamu ndiyo inayokagua filamu kabla hazijaonyeshwa kwa umma. Anayerusha maudhui ya habari mtandaoni anahusika pia na leseni za Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, chini ya kanuni zilizoanza mwaka 2018. Kesi ikiwa inaendelea mahakamani, kutoa maoni yanayoweza kuathiri maamuzi yake kunaweza kuwa kosa.

Kisha kuna milango isiyoandikwa sana kwenye vitabu. Mgeni mwenye kamera huanza ofisi ya serikali ya mtaa, kwa mwenyekiti au mtendaji, na barua mkononi. Akipita bila kujitambulisha, habari zake zitamtangulia kabla hajafika kona ya pili. Utaratibu huu una faida, maana mwenyekiti anajua nani alihama, nani alikuwepo usiku ule. Una hasara pia, kwa sababu siri ya ujio wako imekwisha. Ikiwa kesi inamgusa mtu mwenye nguvu mtaani hapo hapo, mashahidi watakuwa wameshaonywa.

Ndiyo maana wachunguzi wazoefu huanza na makaratasi. Hukumu nyingi za Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani zinasomwa bure kwenye mtandao wa TanzLII. Ndani yake kuna mashahidi waliosema nini, vielelezo gani vilikataliwa na kwa sababu gani. Mtu anaweza kuisoma kesi nzima akiwa Temeke, bila kumgongea mtu yeyote mlango, na akajua maswali ambayo hayakuulizwa.

Unapotazama, jiulize

Mtazamaji naye ana sehemu yake. Kabla ya kusambaza kipande cha filamu kwenye kundi la WhatsApp pamoja na jina la mtu, yapo maswali machache ya kujiuliza.

Kwanza, kesi iko hatua gani? Mtuhumiwa, mshtakiwa na mfungwa ni watu watatu tofauti. Pili, anayetuhumiwa amepewa nafasi ya kujibu, au tumemwona tu akiingizwa kwenye gari? Tatu, nambari inayotajwa imetoka kwenye hukumu au ni makadirio ya wapelelezi? Nne, maneno mazito tuliyoyasikia yalisemwa kwa pamoja, au picha ilibadilika katikati ya sentensi? Na tano, familia ya aliyeuawa ina nafasi gani humo ndani? Kuna filamu ambazo ukimaliza kuzitazama unamjua muuaji mpaka chakula anachopenda, na jina la marehemu umeshalisahau.

Miaka 10 ilipita kati ya mauaji ya Pande na hukumu ya Mahakama ya Rufani. Muda wote huo ndugu wa marehemu walikuwa hai, wakifuatilia kesi, wakihudhuria, wakisubiri. Mtu akitaka kutengeneza filamu ya uhalifu Dar es Salaam, aanze na watu kama hao. Wanaijua kesi kuliko mtu yeyote, na kwao haijawahi kuwa burudani.